Kilichokuwa Ndani ya Gorfa ya Gumato

Bulla Pesa, Isiolo
Jumatatu, baada ya magharibi

Hibo mwanangu,

Darmi binti Gumato amesema leo saa tisa na dakika kumi mchana, kwa simu kutoka Biliqo, kwamba mama yake yu hai, anasikia vizuri, anaona kwa jicho moja, na kwamba gorfa yake, kile chombo cha maziwa, bado anayo. Habari ya gorfa nilimuuliza mara mbili. Mara zote mbili alijibu vilevile.

Gumato humjui, lakini mikono yake unaijua. Ni ile iliyo kwenye picha uliyoibandua ukutani asubuhi ukailaza kati ya nguo ili isikunjike: mikono miwili ya mwanamke, gorfa katikati, na weupe unaofurika mdomoni mwa gorfa ukimwagika mpaka kwenye vumbi. Picha hiyo imetoka kwenye filamu niliyoitayarisha na kuibunia mandhari ulipokuwa na miaka miwili. Ndiyo iliyokufanya uitake kazi hii ya filamu, na ndiyo iliyokupa nafasi ya Nairobi unayoiendea kesho. Jumamosi, kwa mujibu wa barua pepe uliyotusomea wakati wa chai, itaonyeshwa huko jioni ya ufunguzi wa maonyesho yao ya filamu, na wewe utasimama mbele ya watu ueleze jinsi mama yako alivyomwaga maziwa ya kweli, katika mwaka wa ukame, kwa dakika nne bila kamera kukata.

Hayakuwa maziwa. Ilikuwa rangi nyeupe ya mafuta, ile iliyobaki abti yako Yusuf, ndugu yangu, alipopaka milango ya duka, nikailainisha kwa mafuta ya taa.

Ulipomaliza kusoma ile barua pepe, nyanya yako alipiga vigelegele bila kujua ni vya nini. Yusuf akauliza kama ni ile filamu ya ngamia. Ukamwambia hapana, ni ile ya maziwa. Mimi nikatoka nje, nikasema naangalia tangi. Tangi lilikuwa limejaa tangu jana. Nilisimama pale nikahesabu siku zilizobaki hadi Jumamosi, kisha nikaanza kutafuta namba ya Darmi.

Sitakuandikia habari za sweta, wala za kufunga mlango, wala nani wa kumwamini na simu yako. Nyanya yako amekwisha kukuambia hayo yote, mengine mara tatu. Hili moja tu ndilo nililobaki nalo, na mdomoni ningelifupisha. Nimewahi kulifupisha mara nyingi. Usome ukiwa umeshaondoka, ili usilazimike kunijibu ukiwa umesimama mlangoni na begi mkononi.

Nianze na kazi yenyewe, maana watu hukuambia mama yako alikuwa "mambo ya sinema" na kuishia hapo.

Nilikuwa mwandishi wa gazeti hapa Isiolo kwa miaka saba kabla ya kukutana na Kirimi. Yeye alikuwa Mmeru aliyesomea kamera ng'ambo akarudi na sanduku la mikanda ambayo muda wake wa kutumika ulikuwa umepita. Hakutaka hadithi. Hakutaka mtu aanze mahali fulani na amalize mahali pengine. Alitaka kuona kitu kwa muda mrefu kuliko watu wanavyovumilia kukiona. Nilikwenda kumhoji, nikaandika habari ya aya nne, na wiki mbili baadaye nilikuwa nimeacha gazeti. Aliniita mtayarishaji kwa sababu nilijua madereva wote na machifu wote. Aliniita mbunifu kwa sababu siku ya kwanza alisema kitambaa fulani kimekuwa kipya mno, na mimi nikakichovya kwenye chai ya rangi, nikakifunga nyuma ya bomba la moshi la lori la Yusuf, kikaenda Archer's Post na kurudi. Kiliporudi kilikuwa na miaka hamsini.

Tulifanya filamu sita katika miaka kumi na miwili. Katika moja nilijenga ukuta katikati ya lagha, ule mto mkavu, ukuta wa udongo mtupu, tukapiga picha kila siku hadi mvua ilipokuja kuuchukua. Katika nyingine, ngamia mwenye mzigo anatembea kwenye uwanja wa ndege wa zamani kwa dakika kumi na moja. Hiyo tuliionyesha hapa Bulla Pesa, kwenye shuka lililofungwa kwenye ukuta wa duka letu. Watu walijaa. Baada ya dakika tano hivi wakaanza kunong'ona, kisha Yusuf akauliza kwa sauti ya kusikika na wote:

"Dada, huyu ngamia anaenda wapi?"

"Haendi mahali."

"Basi wamshushe mzigo, maskini."

Walicheka mpaka mkanda ukaisha. Kirimi alikasirika. Mimi nilicheka pamoja nao, na mpaka leo nadhani ile ndiyo hadhira bora tuliyowahi kuwa nayo, kwa sababu walibaki wote, na kesho yake dukani watu walikuwa bado wanabishana kama mzigo ulikuwa mzito au mwepesi. Mzigo ulikuwa magunia ya pumba. Niliyashona mwenyewe.

Nakueleza haya ili usije ukadhani naijutia kazi ile. Ukuta siujutii, wala ngamia.

Filamu ya nne haikuwa na jina, kwa sababu Kirimi mwaka ule alikuwa hataki majina. Sisi tuliiita ya Biliqo. Tulifika huko mwezi wa nane, mvua ikiwa imekosa misimu miwili. Nilikwenda kwa wazee kwanza, kama inavyotakiwa. Nilikaa nao siku mbili. Kazi ya mtayarishaji, Hibo, ni kuomba vitu visivyo vyako, na nilikuwa naijua kazi hiyo. Niliomba mahali, wakanipa. Niliomba watu wasipite na mifugo upande wa magharibi kuanzia alfajiri, wakakubali. Mzee mmoja akauliza watu wa Biliqo watapata nini. Nikasema tutarudi na picha, tutaionyesha hapa hapa, kila mtu atajiona. Walikubaliana kwamba hilo ni jambo zuri. Ahadi hiyo niliitoa mimi, kwa Kiborana changu kibovu, mbele ya wanaume kama ishirini.

Hatukurudi. Sina sababu ya kukuandikia hapa inayotosha.

Kirimi alitaka picha moja tu ya mwisho: chombo kinachofurika maziwa kwenye ardhi kavu, dakika nne. Nilimwambia watu hawa wanakunywa chai ya rangi tangu Juni, mbuzi hawana kitu, na ukimwaga maziwa chini mbele yao utakuwa umewatukana. Akanijibu kwamba hilo ni tatizo la mbunifu. Ilikuwa kweli, ndiyo kazi niliyokuwa nimeikubali. Nikasema nitatafuta kitu kingine cheupe.

Chombo nilikuwa nimekitengeneza Isiolo, cha katani, nikakipaka masizi. Kwenye jua la Biliqo kilionekana kama kofia. Kirimi alikitazama, akakirudisha ndani ya gari. Hapo ndipo nikaenda kwa Gumato.

Wewe umekulia mjini na maziwa yetu yanakuja kwenye mtungi wa plastiki, kwa hiyo acha nieleze. Gorfa husukwa kwa mizizi, uzi kwa uzi, mpaka haipitishi tone. Mama humsukia binti yake kabla hajaolewa, na kazi hiyo huchukua miezi. Haioshwi kwa sabuni. Husafishwa kwa kijinga cha moto cha mti wa ejersa kinachotikiswa ndani, na moshi ule ndio unaoyalinda maziwa na kuyapa harufu yake. Mwanamke anayeijua gorfa yake anaweza kuitambua gizani kwa pua. Ya Gumato ilisukwa na mama yake, ambaye wakati huo alikuwa amefariki. Hili alinieleza mwenyewe, siku ya pili, tulipokuwa tumekaa mlangoni kwake. Alikuwa na miaka kama arobaini, mwenye maneno machache, na mwenye mzaha. Aliponiona nimevaa suruali ya mifuko sita aliniuliza kama kila mfuko una mume wake.

Nilimwomba gorfa kwa asubuhi moja, na mikono yake pia. Aliifikiria. Kisha akauliza swali moja:

"Utaweka nini ndani?"

"Maziwa," nikasema.

Nimelirudia neno hilo kichwani mara nyingi kuliko neno lolote nililowahi kulichapisha. Wakati nalitamka nilikuwa tayari nimeliona lile debe la rangi chini ya kiti cha gari, na nilikuwa nimeshalifikiria jambo hilo, ingawa sikuwa nimeamua. Kwa muda mrefu nilijitetea hapo: kwamba sikuwa nimeamua. Lakini nimewahoji watu wengi walionijibu kwa namna hiyo hiyo, na sikuwahi hata siku moja kuwaandika kama watu waliosema kweli. Nilijua neno gani lingefungua mlango, nikalitumia. Ukifanya kazi ya kuomba kwa muda mrefu, unazoea kulijua neno hilo kabla mwenye nyumba hajamaliza kuuliza.

Asubuhi nilichanganya rangi nyuma ya gari. Gumato alikuja akiwa ameoga, amevaa shuka lake zuri. Nilimweka mahali pake, nikamwambia aangalie mbele, kwenye mlima, asiangalie chini mpaka Kirimi aseme. Hilo lilikuwa sharti langu, si la Kirimi. Mrija wa kupitisha rangi ulipita nyuma ya mkono wake hadi ndani ya gorfa. Aliisikia harufu ya mafuta ya taa, bila shaka. Hata mimi niliyekuwa mbali niliisikia. Lakini alikuwa ameambiwa aangalie mlima, na aliangalia mlima kwa dakika nne, na vidole vyake vikaanza kutetemeka dakika ya tatu. Mhakiki mmoja wa ng'ambo aliandika baadaye kwamba mtetemo ule wa vidole ni uzito wa baraka. Unaijua sentensi hiyo. Uliikariri.

Kirimi aliposema basi, Gumato alitazama chini. Hakupiga kelele. Aliiinamisha gorfa taratibu, akaacha yaliyomo yatoke, akaichungulia ndani. Kisha akanitazama mimi. Alikuwa anajua ni nani wa kumtazama.

Nilimwambia nitaisafisha. Aliniachia, akaondoka na mikono yake ikiwa myeupe hadi kwenye viwiko.

Niliisugua kwa mchanga. Haikutoka. Nikaisugua kwa sabuni ya unga, nikiwa najua kabisa sabuni ni nini kwa chombo kama kile. Rangi ilikuwa imeingia kati ya nyuzi, na kila nilivyosugua ndivyo nilivyoikata mizizi. Kwenye saa nane nikaifunga ndani ya leso mpya niliyokuwa nimejinunulia, nikampa dereva wetu ampelekee, na mimi nikajishughulisha na kufunga mizigo. Tuliondoka Biliqo kabla ya alasiri. Nilikaa mbele na sikugeuka nyuma. Dereva aliniambia njiani kwamba mama yule aliitoa gorfa kwenye leso, akamrudishia leso. Hilo sikuliona. Nalinukuu kama nilivyolisikia. Lakini leso ilikuwa pale juu ya kiti, kati yangu na yeye, mpaka Isiolo.

Umewahi kuniuliza kwa nini sikupenda kuzungumzia filamu iliyotupa jina. Nilikujibu kwamba nilichoka. Hapa kuna jibu lingine.

Ilionyeshwa kwenye mji mmoja wa Ulaya, ukumbi wa watu kama sitini, na nilikuwepo. Baada ya taa kuwashwa mwanamke mmoja alisimama akauliza kama maziwa yale yalikuwa ya kweli, kwa sababu yeye alikuwa ameumia kuyaona yakimwagika. Kirimi akasema ndiyo, ni ya kweli, na kwamba kuumia huko ndiko alikokusudia. Mimi nilikuwa kiti cha pili kutoka kwake, na kipaza sauti kilikuwa kati yetu. Nilikuwa mwandishi wa habari kwa miaka saba kabla ya hapo. Sikukigusa.

Wewe wakati huo ulikuwa hapa Bulla Pesa na nyanya yako. Baba yako, Mungu amrehemu, alikuwa kazini Wajir. Niliporudi ulikaa siku tatu ukiniita shangazi, na nyanya yako hakukusahihisha. Aliniacha nijisahihishe mwenyewe. Katika miaka ile kumi na miwili nilikosa mengi yako ambayo sitayaorodhesha, unayajua kuliko mimi. Nilijiambia kwamba naleta kitu nyumbani, na kitu hicho ni ile filamu, na kwamba siku moja utaiona na utaelewa nilikuwa wapi. Uliiona ukiwa na miaka kumi na mitatu. Uliikalia kimya hadi mwisho, kisha ukaniuliza, "Hooyo, mliwezaje kumwaga maziwa yote yale?" Ilikuwa mara ya kwanza unaniangalia hivyo. Nikasema haikuwa rahisi.

Hilo ndilo neno langu la pili kwa ubaya. La kwanza nilimpa Gumato.

Niliporudi kwenye uandishi, mhariri alinituma Merti kuandika habari za ukame, miaka kama tisa iliyopita. Aliniambia nifike mpaka Biliqo. Gari lilikuwepo, barabara ilipitika. Nilikaa Merti, nikawapigia watu wawili simu, nikaandika. Juu ya habari ile, mahali panapoonyesha mwandishi yuko wapi, niliandika Biliqo. Katika miaka yote ya kazi yangu ndiyo habari pekee ambayo sikuwa mahali nilipodai kuwapo. Hakuna aliyelalamika. Mhariri alisema imeandikwa vizuri.

Halafu mwezi wa tatu mwaka huu ukaniletea barua yako ya kuomba nafasi Nairobi, nikusaidie kuisoma. Aya ya pili ilisema: "Mama yangu, katika mwaka ambao watu hawakuwa na maziwa, alimwaga maziwa ya kweli mbele ya kamera, na watu wa Biliqo walimkubalia kwa sababu walimwamini." Nilikaa na barua hiyo saa nzima. Nilikuondolea koma mbili. Nilikubadilishia "ambao" mahali fulani. Nilikurudishia nikasema iko sawa.

Hiyo ndiyo sehemu ninayoijutia kuliko zote, kwa sababu haina Kirimi ndani yake, wala ukame, wala ujana wangu. Nilikuwa mtu mzima wa miaka hamsini na tano, nimekaa kwenye kiti changu, na kalamu mkononi.

Leo nimempigia Kirimi pia, kwa sababu habari yenye upande mmoja siipeleki. Yuko Meru, anafundisha. Nilimwambia nataka kusema ukweli wa ile picha. Akasema sinema yote ni rangi, na kwamba mtu anayelia mbele ya turubai ya mchoraji halilii turubai. Kisha akasema, "Zeinab, mimi sikukwambia uweke rangi. Nilikwambia nataka nyeupe." Nimepitia kumbukumbu zangu zote. Yuko sahihi.

Nimewaandikia na watu wako wa Nairobi, wenye maonyesho ya Jumamosi. Mimi ndiye mtayarishaji, na kwa mkataba filamu haionyeshwi bila idhini yangu. Nimewaambia nimeizuia idhini hiyo mpaka Ijumaa saa sita mchana. Mwenyekiti wao amejibu saa kumi na moja. Hakufurahi. Amesema ratiba imeshachapishwa, na ameuliza kama wewe unajua. Nimemjibu kwamba utajua kesho, njiani. Naelewa maana ya hili kwako. Unaingia mahali papya siku ya kwanza, na mama yako amewatia hasara ya jioni yao kubwa kabla hujaweka begi chini. Wanaweza kukutazama kwa jicho baya. Wanaweza kusema nafasi yako ilitokana na hadithi isiyo ya kweli, na mstari ule utakuwepo kwenye faili, wenye masahihisho yangu. Usinitetee. Ukiulizwa, sema hukujua, kwa sababu hukujua.

Sasa nikupe mazungumzo na Darmi kama yalivyokuwa, maana ndiyo yaliyonifanya niandike barua hii leo badala ya kukuacha ushike njia bila kujua.

Nilimsalimia, salaam aleikum, nikajitambulisha. Akasema, "Wewe ni Zeinab wa kamera? Mwenye mifuko mingi?"

"Ndiyo."

"Tulijua umekufa."

"Bado."

"Haya. Sema basi."

Nilimwambia nataka kujua habari za mama yake. Aliniambia kuhusu jicho. Nikauliza kuhusu gorfa, mara ya kwanza na ya pili. Alisema imetundikwa ndani ya nyumba na haijawahi kuwekwa maziwa tena. Yeye Darmi alipoolewa, mama yake alimsukia nyingine, lakini hakutaka kujisukia mwenyewe. Nilimuuliza kwa nini haikutupwa. Darmi akasema hajui, niulize mwenyewe. Nikasikia anamwita, na nikasikia sauti ya Gumato kwa mbali, nzito kidogo kuliko nilivyoikumbuka, ikiuliza ni nani. Darmi akamwambia. Wakasemezana kwa Kiborana, haraka mno kwangu. Kisha Darmi akarudi kwenye simu, na najua alitafsiri neno kwa neno, kwa sababu aliona aibu kidogo kulitamka:

"Anasema uje. Usitume dereva. Na usilete sukari. Ulete mdomo."

Nilisema nitakuja. Nikamwambia na habari ya Jumamosi, kwamba kuna watu Nairobi wanataka kuionyesha picha ya mikono yake, na kwamba haitaonyeshwa kabla hajasema. Darmi akamweleza. Mara hii nilielewa jibu bila tafsiri, ni maneno mawili tu. Alisema: aje kwanza.

Kwa hiyo siwezi kukuambia itakuwaje. Anaweza kusema isionyeshwe kamwe, na haitaonyeshwa, na nitaandika hivyo kwa Kirimi na kwa Nairobi. Anaweza kusema ionyeshwe na ukweli usemwe kabla taa hazijazimwa. Anaweza kutaka iletwe Biliqo kwanza kama nilivyoahidi, na hapo Jumamosi yenu imeondoka. Anaweza pia kunisikiliza mpaka mwisho na asiseme lolote. Nimekwisha kuwa mbele ya watu wa namna hiyo, na haki hiyo ni yao. Sitamwomba anisamehe. Nimelifikiria hilo leo mchana nikaona litakuwa ni kwenda kumwomba kitu kingine tena, mtu ambaye nilikwisha kumwomba mara moja.

Nitamwambia kile nilichoweka ndani, nani alichanganya, na kwamba nilijua. Nitakaa chini. Halafu ni zamu yake.

Utakuwa mbunifu mzuri kunishinda. Niliona ulivyolijenga lile dirisha la karatasi kwa ajili ya mtihani wako, na mwanga ulivyopita. Nilitafuta kosa sikuliona. Na unaongea na watu vizuri, wanakupa vitu kabla hujamaliza sentensi. Hilo ndilo linalonitia wasiwasi, kwa sababu mimi pia walikuwa wananipa. Siku mtu akikuuliza utaweka nini ndani, na ukaona jibu limekuja haraka, kaa kidogo. Sina zaidi ya hilo, na hata hilo nimelipata kwa gharama ya mtu mwingine.

Picha usiibandike ukutani huko mpaka tumeongea. Kama umeshaibandika, iache, si kosa lako.

Lori la Yusuf linaondoka hapa Alhamisi saa kumi na mbili asubuhi na mzigo wa duka wa Merti, na amekubali kunifikisha Biliqo. Anasema tutafika kabla ya alasiri barabara ikiwa kavu. Nitalala kwa Gumato akinikaribisha, na kwa mwalimu mkuu wa shule asiponikaribisha. Mtandao wa kule hauaminiki, kwa hiyo Ijumaa asubuhi nitarudi mpaka Merti kupata simu. Nitakupigia Ijumaa saa tano na nusu, kabla ya swala, nikusomee alichosema kwa maneno yake mwenyewe, na utakuwa na nusu saa ya kuniuliza maswali kabla sijamjibu mwenyekiti.

Hooyo